Goti la Kulia: Miaka Kumi na Miwili ya Kucheza Hurling Cork

Jezi ya klabu niliivua kwa mara ya mwisho Oktoba 2017, nikiwa na miaka 35. Tulikuwa tumefungwa kwa pointi mbili, chumba kinanuka matope na dawa ya kuchua, na goti langu la kulia limevimba hadi pia ya goti haionekani. Sikuandika chochote kwa miaka kadhaa. Walionisukuma sasa ni vijana wawili wa nyumbani waliojiunga na klabu za huku Ayalandi, mmoja wa Mombasa mwenzangu, mwingine wa Kisumu. Kila mmoja kwa wakati wake aliniuliza swali lile lile: anunue gongo la aina gani. Niliwajibu kuhusu gongo. Lakini usiku sikulala vizuri, kwa sababu gongo silo lililoniponza.

Kwa asiyeujua mchezo huu wa hurling, niseme machache. Wengi wetu tukiona picha husema ni mpira wa magongo, yaani hoki. Sio. Kila upande una watu 15, uwanja unaweza kufika mita 145 kwa urefu, na mpira, ambao huitwa sliotar, ni wa ngozi, uzito wake gramu 110 hadi 120, mishono yake imeinuka kama ukingo wa sahani. Unaruhusiwa kuudaka kwa mkono, kuupiga ukiwa hewani, na kukimbia ukiwa umeubeba juu ya bapa la gongo. Ukipita kati ya nguzo juu ya mwamba ni pointi 1, ukiingia wavuni ni goli na linahesabiwa pointi 3. Chama kinachousimamia, GAA, kiliundwa mjini Thurles mwaka 1884, na mwaka 2018 UNESCO iliuingiza mchezo wenyewe katika orodha ya urithi wa binadamu usioshikika.

Na jambo la kuweka akilini kabla ya mengine yote: halipwi mtu mshahara. Hata wale wanaocheza fainali Croke Park, uwanja mkuu wa chama jijini Dublin, mbele ya watazamaji 80,000 na ushei, Jumatatu wana kazi zao za ualimu, ufundi na benki. Sisi wa madaraja ya chini ndio kabisa, twalipa ada ili tucheze.

Nilifika Cork, kusini mwa Ayalandi, mwaka 2004 kusoma, nikapata zamu za usiku na za wikendi kwenye nyumba ya kutunzia wazee. Alikuwapo mzee mmoja, mkulima wa zamani, ambaye gongo lake lilisimama nyuma ya mlango wa chumba chake kama mwavuli. Jumapili ya tarehe 11 Septemba 2005 nilikuwa zamuni. Tuliwasogeza wazee mbele ya televisheni kutazama fainali ya Ayalandi nzima, kaunti ya Cork na ya Galway. Cork walishinda, goli 1 na pointi 21 kwa goli 1 na pointi 16. Kisha akapanda nahodha kupokea kombe la Liam MacCarthy, na nikaona mtu wa rangi ya maji ya kunde. Nikauliza, huyu ni nani?

Mzee alinieleza bila kuondoa macho kwenye kioo. Ni Seán Óg Ó hAilpín. Baba yake wa Fermanagh, kaskazini mwa kisiwa cha Ayalandi, mama yake wa Rotuma, kisiwa cha Fiji. Alizaliwa huko, akakulia Sydney, akaletwa Cork mwaka 1988 akiwa mtoto wa miaka 11 asiyejua gongo ni nini. Mwaka 2001 alipata ajali ya gari iliyomwumiza goti vibaya, wengi wakadhani amekwisha. Mwaka 2004 akatajwa mchezaji bora wa mwaka wa nchi nzima. Na sasa alikuwa ameshika kombe, anahutubia uwanja mzima kwa Kiayalandi, lugha ambayo baadhi ya wazee wale walikuwa nayo shuleni tu. Nilisimama na sinia ya chai mkononi hadi chai ikapoa. Mtoto wa kisiwani, nikajisemea.

Siku ya pili mzee akaniagiza lile gongo. "Lishike." Nililishika kama nilivyofunzwa hoki shuleni: mkono wa kushoto juu, wa kulia chini. Akatikisa kichwa. Akaanza kunikunjua vidole kimoja baada ya kingine kwa vidole vyake mwenyewe, ambavyo viwili havikuwa vinanyooka, akauweka mkono wangu wa kulia juu kabisa, peke yake. "Huu wa kushoto usiupe kazi bado. Huu ni wa kudakia."

Somo hilo lilinichukua msimu mzima, na kwa yeyote anayetoka kwenye hoki ndipo pa kuanzia. Kwenye hoki mikono yote miwili hukaa kwenye gongo. Kwenye hurling, mkono wenye nguvu haubanduki juu ya mpini, ule mwingine huwa huru kudaka mpira, halafu wakati wa kupiga huteremka kukamata chini ya mwenzake. Usipoubadilisha mshiko mapema utajiona unapiga vizuri mazoezini, kisha kwenye mechi mpira unakujia kifuani na mkono wa kuudaka umeshikwa na gongo. Dawa yake ni ukuta. Nilikuwa na ukuta wa ghala lisilo na madirisha. Nikapiga mpira na kuudaka kila asubuhi nikitoka zamu, mara mia, mkono wa kulia peke yake mara hamsini za mwanzo. Majirani wa hapo walinizoea.

Kuhusu gongo lenyewe: simama wima, liweke kando ya mguu wako, ncha ya juu ifike kwenye mfupa wa nyonga. Usichukue refu ukidhani litakuongezea nguvu, litakuchelewesha. Yale ya asili ni ya mti wa ash, hukatwa sehemu ya chini ya shina karibu na mizizi, mahali nyuzi za mti zinapopinda, ili bapa lisipasuke. Ugonjwa wa ukungu umeua miti mingi ya ash, ndiyo maana sasa utaona pia magongo ya mianzi na ya plastiki. La kwanza nililinunua euro 25, la mwisho likanigharimu zaidi ya 40. Nunua mawili, maana litavunjika, na litavunjika katikati ya mechi.

Nilijiunga na klabu ya kijiji kimoja mapema 2006, timu ya daraja la chini la watu wazima. Walinipokea vizuri sana. Nasisitiza, kwa sababu nitakayoyasimulia hayakusababishwa na ubaya wa mtu. Yule aliyekuwa akinipitia kwa gari lake kila Jumanne na Alhamisi hakuwahi kupokea senti ya petroli kutoka kwangu. Lakini nilikuwa Mwafrika pekee, Mwislamu pekee, na mtu mzima pekee aliyekuwa anajifunza kitu ambacho wenzake walikijua tangu wakiwa na miaka mitano. Nikaamua moyoni kwamba sitakuwa mzigo. Nikiumia, nitanyamaza. Sikumwambia mtu uamuzi huo na hakuna aliyeniomba niufanye.

Mwaka 2007 gongo la mpinzani lilinishukia kwenye kidole kidogo cha mkono wa kushoto. Nilisikia mlio, kama kijiti kikavu. Nikakifunga kidole pamoja na jirani yake kwa utepe, nikamaliza mechi, usiku nikaenda kazini nikabeba wagonjwa. Nilikwenda kupigwa picha baada ya siku tisa, mfupa ukiwa umeshaanza kuunga vibaya. Hadi leo nikishika kikombe kidole hicho hubaki kimetengana na wenzake. Glavu ya mkono wa kudakia ilikuwa dukani kwa bei ya kawaida tu. Wengi hawakuvaa, na mimi nikaona nisijitofautishe. Kofia ngumu yenye waya usoni nayo wakati ule haikuwa lazima kwa wakubwa, ikawa lazima kwa kila mchezaji kuanzia 2010. Yangu ya kwanza nilikuwa nimeazima, kubwa kupita kichwa changu, inageuka nikikimbia, nikawa naivua. Nina mishono mitatu juu ya jicho kwa ajili hiyo. Ikiwa pesa ni chache, anza na kofia inayokutosha kisawasawa, na usikubali kuazima.

Mamangu kule Mombasa alipojua ninacheza, aliniuliza kwenye simu: "Wakulipa ngapi?"

"Hawanilipi, mama."

"Hata nauli?"

"Hata nauli."

Alinyamaza, nikamsikia akivuta pumzi. "Basi jitunze, mwanangu. Mguu ndio wakulisha."

Sikumwelewa. Nilidhani hajui michezo. Alichokuwa akisema ni hesabu tupu: mimi ni mtu ninayelipwa kwa saa nilizosimama. Miaka hiyo sheria ya Ayalandi haikumlazimisha mwajiri kukulipa ukiwa mgonjwa, sheria hiyo ilianza 2023. Kulikuwa na posho ya ugonjwa ya serikali, lakini inategemea umechangia kiasi gani, na haifiki mshahara. Kabla hujaingia uwanjani msimu wa kwanza, soma mkataba wako wa kazi uone unasemaje kuhusu kuumia nje ya kazi. Mimi niliusoma nikiwa kitandani.

Kuhusu Ramadhani nitasema kwa kifupi kwa sababu ndugu wengi watalikuta. Miaka ya mwanzo mfungo uliangukia vuli, haukunisumbua sana. Kisha ukaanza kurudi nyuma kuingia kiangazi, katikati ya msimu, na Cork mwezi wa Juni jua huzama karibu saa nne usiku. Mazoezi yalianza saa moja na nusu jioni. Nilifunga na kucheza misimu kadhaa bila kumwambia kocha, hadi Agosti 2011 nilipopata kizunguzungu na kukaa chini katikati ya uwanja. Alikuja mbio, nikamweleza. Akauliza swali moja tu, kwa nini sikumwambia miaka yote hiyo, na sikuwa na jibu. Kuanzia wiki ile akanipangia kazi za kupiga mpira nikiwa nimesimama, na mbio nikazifanya peke yangu baada ya kufuturu. Hata baada ya mechi, walipokwenda baa, mtu alikuwa ameshaniagizia soda ya tangawizi kabla sijakaa. Ningesema 2006 ningeishi hivyo tangu 2006.

Mtu angedhani hapo nilikuwa nimejifunza.

Agosti 2014, mazoezi ya kawaida, hakuna aliyenigusa. Niliruka kudaka mpira wa juu, nikatua kwa mguu wa kulia huku mwili umeshageuka kwenda kushoto. Goti liliingia ndani. Sauti yake naikumbuka kuliko maumivu: pu, nzito, kama kizibo kinachotoka kwenye chupa. Baada ya dakika kumi niliweza kutembea, na hilo ndilo linalowadanganya wengi. Daktari wa kwanza aliyeniona, hospitali nisiyoitaja, alisema ni mshtuko wa misuli, nipumzike. Sikumweleza kuhusu ile sauti. Hakuuliza, nami nilitaka ajibu hivyo hivyo alivyojibu, kwa sababu baada ya wiki tatu tulikuwa na mechi ya ubingwa na tulikuwa na watu 16 tu.

Nililifunga goti kwa bandeji nikacheza. Dakika ya ishirini lilinitoka chini yangu, sina namna nyingine ya kulieleza: nilikanyaga na mguu haukuwapo. Kipimo cha MRI, ambacho nililipia euro 220 mwenyewe kwa kuwa foleni ya umma ilikuwa ya miezi, kilionyesha ligamenti ya msalaba, nyuzi ngumu zinazoshikanisha mifupa ya goti, imekatika, ile wanayoiita cruciate. Na gegedu lililo kati ya mifupa limechanika. Daktari wa upasuaji alinionyesha kwenye picha kwa ncha ya kalamu. Ligamenti, alisema, ilikatika Agosti. Gegedu huenda ni la Septemba. Kwa maneno mengine, nusu ya jeraha lile nililinunua mwenyewe siku ya mechi.

Upasuaji ulifanyika Januari 2015, ukalipiwa na bima ya afya tuliyokuwa tumeichukua kwa ajili ya uzazi wa mke wangu. Vikao vya mazoezi ya viungo vilikuwa euro 55 kila kimoja, nilihudhuria kama thelathini. Wiki kumi na moja sikuingia kazini. Klabu ina mfuko wa majeruhi wa chama, lakini fahamu unavyofanya kazi: hufidia kile ambacho bima au mwajiri hakukilipa, hadi kiwango fulani, na taarifa ya jeraha ina muda wake wa mwisho. Mimi niliripoti jeraha la Septemba tu, kwa sababu la Agosti nilikuwa nimelificha, na maswali juu ya tarehe yakachukua miezi. Siku ile ile unayoumia, mtumie katibu wa klabu ujumbe wa maandishi, hata kama unadhani ni kitu kidogo. Weka kila risiti.

Machi mwaka huo nilikuwa juu ya baiskeli ya mazoezi ndipo habari zikatangaza kwamba Henry Shefflin, nyota wa hurling wa kaunti ya Kilkenny, anastaafu, na medali zake kumi za ubingwa wa Ayalandi. Mimi nilikuwa nikilikumbuka goti lake. Alikuwa amekata cruciate kwenye fainali ya 2007, akapona. Kwenye nusu fainali ya Agosti 2010 dhidi ya Cork akaumia tena, na fainali ilikuwa wiki nne tu mbele, Kilkenny wakitafuta ubingwa wa tano mfululizo. Akajaribu. Alianza ile mechi na hakumaliza hata robo saa, wakamtoa, na Tipperary wakashinda. Niliitazama mwaka ule kwa macho yangu, na miaka minne baadaye nikafanya lile lile kwa ajili ya mechi ya kijiji. Tofauti ni kwamba yeye alifanya mbele ya madaktari wa timu wakijua kila kitu. Halafu akakaa, akatibiwa, akarudi, na mwaka 2012 akawa mchezaji bora wa mwaka. Hata Seán Óg na wenzake wa Cork waligoma mwishoni mwa 2002 kudai mambo kama matibabu na usafiri ulio bora. Mashujaa wale walisema waziwazi wanachohitaji. Mimi nisiyejulikana nje ya parokia tatu nilikuwa nimeamua kunyamaza.

Mtaalamu wa viungo alinipa miezi tisa kabla ya mechi yoyote. Nikarudi baada ya mitano. Goti likajaa maji mara mbili, ikabidi nianze upya, na mechi yangu ya kweli ya kwanza ikawa masika ya 2016. Ukipitia haya, usihesabu miezi, hesabu vipimo: mguu uliopasuliwa uruke umbali unaokaribia ule mzima, na paja lake lilingane na la mwenzake ukilizungushia futi ya fundi cherehani. Langu lilikuwa limepungua sentimita nne. Nililipima kila Ijumaa, mke wangu ndiye aliyeshika futi. Yeye ndiye pia aliyempigia mamangu na kumweleza, baada ya mimi kuficha kwa miezi sita. Mama hakunigombeza. Alimpa binamu yangu anayesafiri chupa ya mafuta ya karafuu aniletee.

Nilicheza misimu miwili zaidi. Ilikuwa misimu mizuri kuliko yote, kwa sababu nilikuwa nikisema. Nikisikia goti zito nilimwambia kocha, naye alinitoa, na hakuna aliyenitazama vibaya. Mzee wa gongo alikwisha fariki kabla ya hapo. Binti yake aliniletea lile gongo la nyuma ya mlango, limezungushiwa bati kwenye bapa mahali lilipopasuka zamani. Ni refu kwangu, sijawahi kulichezea.

Sasa nafundisha watoto wa chini ya miaka minane kila Jumamosi. Kabla ya kukuruhusu kukaa na watoto, chama hudai kozi ya ulinzi wa mtoto na uchunguzi wa polisi, na fomu ya polisi huuliza anwani zote ulizowahi kuishi tangu kuzaliwa. Kwetu sisi tuliokua na sanduku la posta na jina la mtaa tu, anza kuziandika mapema, pamoja na miaka. Mimi nilimpigia mama mara tatu kuulizia tulihama lini nyumba ya Majengo.

Pale langoni pa uwanja nina daftari. Mtoto haondoki kabla hajapita kwangu na mzazi wake na kuniambia kama kuna mahali panauma, nami naandika. Mwanzoni makocha wengine waliona nawapotezea muda. Sasa timu za chini ya 10 na chini ya 12 zina madaftari yao. Jumamosi iliyopita langu lilikuwa na mistari minne: vidole viwili, kifundo cha mguu kimoja, na msichana mmoja aliyesema haumwi popote ila anataka jina lake liandikwe na yeye.